Na hicho nacho kipige hodi

Nilisimama mlango wa uani kwa bibi, nje kidogo ya mji wa Wete, Pemba, kamera iko begani, nikapiga hodi mara tatu kama nilivyofunzwa tangu mdogo. "Karibu, mke mwenzangu," sauti ikanijibu. Nikanyanyua mguu kuvuka kizingiti. "Niliyemkaribisha ni wewe," akasema bibi, macho hayajaondoka kwenye ungo wake. "Na hicho nacho kipige hodi."

Nikacheka, nikidhani ni utani wetu ule ule. Yeye hakucheka. Alitaka kujua kamera inaona mpaka wapi, na ikishaona inakwenda kumwambia nani. Sikuwa na jibu la maana. Nikaifunika lenzi, nikakaa kitako kwenye jamvi, nikachambua karafuu mpaka adhana ya Isha, na siku ile sikupiga picha hata moja.

Hiyo ni miaka minne sasa. Tangu hapo nimetengeneza filamu moja ya dakika 47 kuhusu ua ule, kwa pesa zangu mwenyewe, na karibu kila anayeiangalia huniuliza kwa nini haina nyuso. Kuna mikono, kuna migongo, kuna miguu inayopita, kuna sauti za watu wasioonekana. Wapo walioniambia kwamba huo ni mtindo nimeuokota Ulaya, na wapo waliousifu kwa sababu hiyo hiyo. Jibu langu ni refu, siwezi kulitoa nimesimama mlangoni baada ya onyesho huku watu wanatafuta viatu vyao. Na linamhusu bibi kuliko linavyonihusu mimi.

Riziki yangu naipata kwa kupiga video za harusi, Unguja. Harusi zetu zina pande mbili, na upande wa wanawake mpigapicha mwanamme haingii. Ndiyo maana mjini wapo wasichana wengi wanaojua kamera kuliko mgeni anavyodhani. Ukifika ukumbini simu za waalikwa zimeshakusanywa mlangoni. Mabuibui yamevuliwa, nywele zimeachiwa, taarabu imepamba moto, watu wanatunza, na mama mtu mzima ambaye barabarani humwoni hata vidole anacheza mbele yako kwa raha ya moyo wake. Wewe unapiga. Kazi ikisha, mwenye shughuli anaichukua memori kadi pale pale, au anakaa nyuma yako siku ya kuhariri mpaka ahakikishe kila nakala imefutwa.

Nimefanya kazi hiyo miaka tisa. Picha nzuri kupita zote nilizowahi kupiga, sinazo. Kuna moja ya bibi harusi ambaye mama yake anamfunga kishada cha asumini kichwani, chumba kimejaa watu lakini wao wawili kama wako peke yao. Niliipiga kwa mkono unaotetemeka, nikaiangalia mara mbili, nikaifuta. Sisikii uchungu. Nimelipwa kwa kupiga na nimelipwa kwa kufuta, na kule kufuta ndiko kulikoniletea kazi ya pili na ya tatu kwenye ukoo ule ule.

Kwa hiyo nilipofika kwa bibi nilipaswa kujua. Ila nilipanda meli ya Pemba nikijiona ninakwenda kutengeneza filamu, wala si harusi, nikayasahau yote niliyoyajua. Nilifikiri sanaa ina ruhusa ambayo harusi haina. Bibi alinitoa kwenye fikra hiyo kwa maneno matano.

Asiyewahi kukaa Pemba msimu wa karafuu inabidi aelezwe kidogo. Karafuu nyingi za Zanzibar hutoka Pemba, lakini mambo hayakuanza hivyo. Mashamba makubwa ya mwanzo yalikuwa Unguja, mpaka kimbunga cha mwaka 1872 kikaangusha sehemu kubwa ya mikarafuu ya kule. Pemba ilisalimika zaidi, na tangu hapo uzito wa kazi ukahamia kwetu. Tumba huchumwa linapoanza kupata wekundu, kabla halijafunguka. Likishafunguka thamani yake imekwenda. Mchumaji yuko juu na ngoe yake ya kuvutia matawi, chini wanamngoja wenye pishi, chombo cha kupimia, maana hulipwa kwa pishi. Watoto wanaokota mpeta, karafuu zilizodondoka chini. Jioni mapakacha yanaingia uani, na hapo ndipo wanawake wanapokaa.

Kuchambua ni kazi ya mikono miwili isiyohitaji macho. Kikonyo unakishika huku, unakibana kwenye kiganja cha pili, unakisokota kidogo, tumba zinadondoka na konyo linabaki mkononi. Karafuu kwake, makonyo kwake. Makonyo nayo hayatupwi, yana kiwanda chake cha kukamulia mafuta pale Wawi, Chake Chake. Baada ya saa moja vidole vimeshakuwa vyeusi na harufu imekuingia mpaka kooni, wala haikutoki kwa sabuni. Asubuhi zinaanikwa. Jua likiwa zuri, siku nne au tano zinatosha, na kilo tatu mbichi hukupa kama moja kavu. Zikikusanywa na unyevu zinavunda na kupauka, bei inaporomoka. Basi msimu mzima watu wanaishi na jicho moja kwenye jamvi na jingine kwenye wingu.

Harufu kamera haiwezi. Sauti inaweza, na mimi niliyekulia kwenye kazi hiyo sikuwahi kuisikia sauti ya karafuu mpaka nilipovaa hedifoni. Tumba zikidondoka kwenye jamvi kavu, mikono kumi na tano ikifanya kwa pamoja, zinanyesha. Sisemi hivyo kwa kupamba. Usiku mmoja mvua ya kweli ilianza, na kwa muda mfupi hakuna aliyeitambua. Mimi niliyekuwa na chombo masikioni ndiye niliyechelewa kuliko wote. Nilipoinua kichwa, shangazi alikuwa keshasimama, anaburura jamvi kuelekea ukumbini na kuwaita watoto wamsaidie. Tukio lile limo kwenye filamu. Huioni mvua. Unasikia kitu kile kile kikiendelea, halafu unaona mikono yote imesimama.

Wiki nzima nilikaa bila kupiga. Nilichambua, nikapika, nikazungumza, nikalala. Siku ya nane bibi mwenyewe ndiye aliyeianza habari. "Mgeni akiingia hapa anakaa wapi?" Nikamwambia, hapa mwisho wa jamvi, karibu na mlango. "Anazungukazunguka?" La. "Anamkodolea mtu macho?" La, bibi. "Basi kiweke hapo, kikae kama mgeni."

Filamu yote imetoka kwenye mazungumzo hayo. Kamera iko kimo cha mtu aliyekaa kitako, kwa sababu mgeni hukaa. Haitembei, kwa sababu mgeni hazunguki kwenye ua wa watu. Inaangalia chini, kwenye kazi, kwa sababu mgeni mwenye adabu huinamisha macho mpaka asemeshwe. Ukikaa hivyo, unachokiona ni mikono. Aliyepita na kichwa kitupu kwenda kisimani kamera haimfuati. Unasikia ndoo yake tu. Sikuchagua fremu. Nilionyeshwa pa kukaa.

Najua kwamba sinema ilianza na kamera zilizosimama. Ndugu wawili Lumière walipoonyesha picha zao Paris mwaka 1895, kila moja ilikuwa ya sekunde kama 50, na nyingi zilikuwa mambo ya kila siku: watu wanatoka kazini, mtoto analishwa. Zilikuwa fupi kwa sababu ukanda wa filamu ulikuwa wa mita 17 hivi, ukiisha umeisha. Nilipenda sana kulisoma jambo hilo, kwa sababu linaonyesha kwamba urefu wa picha huamuliwa na kitu fulani. Kwao uliamuliwa na ukanda. Memori kadi yangu haiishi upesi hivyo, kwa hiyo nilihitaji kitu kingine cha kuamua, na nikaamua iwe kazi yenyewe. Shoti inaanza pakacha linapomwagwa na inakwisha jamvi likiwa tupu, au mtu akipiga hodi na wote wakageuka. Ndefu kuliko zote ina dakika 11. Niliwahi kuijaribu kwa dakika nne, nikaona nimemdhulumu shangazi. Alichokifanya kwa dakika 11, kwa nini mtazamaji akimalize kwa nne?

Kuna kosa nililolifanya, na nataka liandikwe hapa maana nadhani wenzangu wengi wanaopiga picha vijijini wanalifanya. Uani kwa bibi kuna taa ya umeme, ile nyeupe ya kuokoa matumizi, imening'inizwa kwenye boriti kwa waya. Mwanga wake ni mbaya kwa kamera; unaifanya ngozi ionekane kama majivu. Ndani kuna kandili la zamani. Nikamwomba bibi tuzime ile taa, tuwashe kandili, ili picha iwe nzuri zaidi, iwe na "uzamani". Alinyamaza kitambo, halafu akanijibu kwa upole ambao bado unanichoma. Akasema yeye amechambua karafuu kwa koroboi na kandili maisha yake yote, macho yake yameharibika kwa moshi huo, na taa ile wameingoja miaka mingi. "Leo imekuja, wewe unataka tuizime ili watu watuone tuko gizani?"

Umeme wa gridi ulifika Pemba mwaka 2010, kwa waya uliolazwa chini ya bahari kutoka Tanga. Kabla ya hapo kisiwa kilitegemea majenereta ya dizeli, na kijijini kwa bibi hata hiyo 2010 haukuwa mwaka wao, walingoja tena. Mimi nilikuwa nataka kuwanyang'anya kitu hicho kwa ajili ya dakika chache za rangi ya dhahabu. Taa ikabaki. Kwenye filamu mikono ina rangi ile ile ya majivu, na mara mbili umeme unakatika, skrini inakuwa nyeusi, unasikia mtu anacheka na mwingine anaulizia kiberiti, na kuchambua kunaendelea gizani kama kwamba hakuna lililotokea. Sasa naona hizo ndizo sehemu zenye ukweli mwingi kuliko zote.

Vibali nilipata, baada ya kupanda na kushuka ngazi za ofisi mbili tatu. Sheha, kiongozi wa serikali pale kijijini, alinisaidia kuliko wote. Yamepita.

Lililonikaa moyoni zaidi ni lugha. Watu wa ua ule wanazungumza Kipemba, na Kipemba mjini kimezoeleka kuwa cha kuchekesha. Kwenye maigizo, mtu akitakiwa awe mshamba au mbishi, anapewa Kipemba. Kiswahili sanifu kilijengwa juu ya Kiunguja, uamuzi uliofanywa mwishoni mwa miaka ya 1920, na tangu hapo mtoto wa Pemba anaingia skuli na kuambiwa kwamba anachozungumza mama yake kimekosewa. Nimepitia hilo mimi mwenyewe. Nilijifunza kubadilisha ulimi nikishuka tu bandarini Malindi, Unguja, na siku hizi hubadilika wenyewe bila kuniuliza.

Rafiki aliyeniangalilia rasimu ya kwanza alinishauri niingize sauti ya msimulizi kwa Kiswahili fasaha, atueleze yanayosemwa. Alikuwa na nia njema. Nikakataa. Msimulizi akishaingia, bibi anakuwa mfano wa kitu kinachoelezwa. Nilipoionyesha mjini mara ya kwanza, kwenye chumba kidogo cha watu kama thelathini, shangazi alipofungua mdomo tu watu wakacheka. Alikuwa hajasema kichekesho chochote. Alikuwa anauliza nani kachukua kawa. Nilikaa nyuma na uso umenipamba moto. Kicheko kikarudi tena, kidogo zaidi, halafu baada ya kama dakika kumi kikakoma, na sikukisikia tena mpaka pale bibi aliposema jambo ambalo ni la kuchekesha kweli, wakacheka pamoja naye. Dakika kumi zile ndizo zilizonifunza kwamba urefu wa filamu si ukaidi wangu. Sikio linahitaji muda wa kuacha kucheka ili lianze kusikia.

Siku hiyo hiyo mgeni mmoja aliyekuwa anatafuta filamu za kupeleka nje alinifuata. Aliipenda, alisema, ila angependa nyuso mbili tatu, hasa ya bibi, hasa yenye makunyanzi, na mwishoni machweo na jahazi. Nilimwambia bibi hajawahi kupanda jahazi, hutapika. Ni kweli hutapika. Hatukuendelea na mazungumzo.

Sipingi nyuso. Wazee wetu si wageni wa picha: Zanzibar ilikuwa na televisheni ya rangi tangu 1974, miaka ishirini kabla Bara haijapata televisheni yake, na bibi anakumbuka vizuri watu walivyokuwa wakikusanyika kutazama. Sisi wa rika langu tulipenda sinema kwa kujipenyeza Ngome Kongwe usiku wa tamasha, nyota juu, mawe bado yana joto la mchana. Sura za watu wakubwa kama nyumba kwenye skrini ile zilinifanya nitake kazi hii. Ila yule ambaye sura yake iko kwenye skrini alikubali iwe pale. Bibi hakukubali, na mimi si wa kumzidi ujanja.

Kuna kipande cha dakika tatu ambacho skrini ni nyeusi kabisa, na hapo umeme haukukatika. Binamu yangu usiku ule alizungumzia kuachwa kwake. Alilisema bila kilio, huku anachambua, na wengine wakawa wanamjibu kidogo kidogo bila kusimamisha mikono, kama wanavyojibiana watu wanaojua kwamba jambo halina dawa ya usiku mmoja. Ilikuwa sehemu nzito kuliko zote nilizonasa. Baada ya miezi sita, nilipokuwa ninahariri, akanipigia simu akaniomba niitoe. Nikaitoa, picha na maneno, kama nilivyotoa nyingi za harusi. Lakini sikuunganisha pande mbili zilizobaki kana kwamba hapakuwa na kitu. Nilimwomba ruhusa niache nafasi yake, urefu ule ule, na sauti ya karafuu peke yake niliyoichukua usiku mwingine. Akafikiri siku mbili, akasema sawa. Mjini, kipande hicho kilipofika, kijana mmoja alitoka nje kumwita fundi, akidhani mashine imekufa.

Halafu niliipeleka nyumbani. Tulifunga shuka jeupe kwenye kamba ya kuanikia nguo, nikaazima projekta, tukangoja Isha isaliwe. Wanawake wote wa filamu walikuwepo na watoto wao, na majirani ambao hawakuwa wamealikwa lakini nani angewafukuza. Shoti ya kwanza ilipotokea, kabla sijakaa, uani kukalipuka. "Mkono wa mama huo!" "Huyo ni mimi, nimevaa bangili za Idi!" "Tazama kidole cha shangazi, kile kilichokatwa na shoka!" Hawakuona filamu isiyo na nyuso. Walimtambua kila mtu, wakawataja mmoja mmoja kwa majina, kwa namna mtu anavyosokota kikonyo, kwa kucha, kwa kovu, kwa kikohozi. Mama mmoja aliangalia mgongo uliopita kwa sekunde mbili pembeni mwa picha akasema, "Marehemu," na wote wakanyamaza, wakamrehemu, maana mwenye mgongo ule alishatangulia mwaka uliopita. Mimi niliyeihariri kwa miezi kumi sikuwa nimejua kwamba yumo.

Siku zote nilidhani nimewasitiri. Kumbe stara ile ilikuwa kwa walio nje ya mlango. Kwa walio ndani hakuna kilichofichwa, na wala haikuwa haja yao kifichwe.

Dakika tatu za giza zilipofika hakuna aliyeuliza mashine imekuwaje. Shuka lilipepea kidogo kwa upepo. Binamu yangu alikuwa amekaa mbele, mtoto kamlalia mapajani. Karafuu zikaendelea kudondoka ndani ya spika, na nikaona mikono miwili mitatu, pale kwenye giza, imeanza kusokota vikonyo visivyokuwepo.

Sasa ninashughulika na filamu nyingine, ya shangazi huyo huyo na mkeka. Ukindu unakaushwa, unatiwa rangi, unasukwa ukili, na ukili ni ukanda mrefu usio na mwisho mpaka mwenyewe aamue. Baadaye huuzungusha na kuushona ubavu kwa ubavu mpaka mkeka utokee. Sitaki kuahidi urefu wa filamu kwa sababu sijui urefu wa ukili. Anasuka akipata nafasi, baada ya shamba, baada ya kupika, mara nyingine wiki mbili hagusi. Jana kaniletea ujumbe wa sauti kwa simu ya mtoto wake: rangi ya zambarau imekwisha dukani, kwa hiyo itabidi aendelee na kijani, je filamu yangu itaharibika? Nimemjibu haitaharibika. Nitakuwa kule wiki ijayo, inshallah, na meli ya usiku.